Mshenga Aliyeahirisha Sasisho

Mwanangu, usinicheke nikikwambia siku ile nilikuwa kijana. Umri ulishavuka hamsini, ila kwenye mambo ya simu janja nilikuwa mtoto kabisa. Nakumbuka nimekaa kwangu Chanzuru, simu ikaniomba tena niweke sasisho la usalama. Nikabonyeza "Baadaye", kama nilivyofanya miezi yote. Bando langu nalitunzia mambo ya maana, nikajisemea.

Na jambo la maana nilikuwa nalo kweli. Nilikuwa mshenga wa Salumu, mtoto wa jirani yangu, aliyempenda Mwanaidi wa Mikumi mpaka hamu ya kula ikamwisha. Posa ilishapokelewa, imebaki kupanga siku ya ndoa. Badala ya kupanda basi nikaongee na wakwe uso kwa uso, nikajiona nimeendelea: maneno ya pande zote mbili nayapeleka kwa simu.

Wiki hiyohiyo nikatumiwa kiungo, eti kadi ya mwaliko. Nikafungua. Kesho yake picha za aibu zikawa zimesambaa kwa jina langu kwa kila niliyekuwa na namba yake, hadi kwa baba yake Mwanaidi. Akajibu mstari mmoja tu: posa irudi. Salumu alikaa barazani kwangu akilia bila kujificha. Niliona aibu ambayo sijawahi kuiona.

Nikakimbilia kwa fundi simu pale Kilosa mjini, binti asiye na maneno mengi. Akaiondoa programu ya wezi iliyokuwa imejificha humo.

"Mzee, waliingilia kwenye tundu la mfumo wa simu. Watengenezaji walishaliziba zamani, ila kiraka kimo kwenye sasisho ulilolikataa. Na kiraka kikishatangazwa, wezi nao wanajua tundu liko wapi. Kaliweke leo."

Nikaitikia vizuri, na sikuliweka. Bando, mwanangu!

Asubuhi nikapanda basi la Mikumi. Nilimkuta bibi yake Mwanaidi sebuleni, na baba mtu kanuna pembeni.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Sisi tulimpokea mtu mlangoni, tukampa kiti. Huyu anayesemea ndani ya simu yako hatumjui. Umeshamfungia mlango?"

Nikaeleza yote, hata la bando. Bibi akaguna. "Kwa hiyo siri za watoto wetu bado zimo humo, na mlango uko wazi?"

Ndipo Mwanaidi akatoka chumbani, macho chini, akaweka simu yake mezani kando ya yangu.

"Baba mshenga, nimekuwashia intaneti yangu. Weka hilo sasisho. Salumu anasubiri."

Baba yake akamtazama, akatazama dari, kisha akashindwa kujizuia akacheka. Nikaliweka palepale kwa furaha. Simu ilichukua karibu saa nzima, nasi tukabaki tunaongea kama watu. Ilipowaka, siku ya ndoa ilishapatikana.

Basi nisikilize. Simu yako imebeba aibu na heshima za watu wengine, si zako peke yako. Sasisho likija, lipokee siku hiyohiyo, tena kwenye mipangilio ya simu yenyewe, si kwenye kiungo ulichotumiwa. Simu iliyozeeka isiyopata tena masasisho, usiitunzie siri ya mtu. Na neno zito la watu lipeleke kwa miguu yako.

Mungu akulindie jina lako, mwanangu, na waliokuamini wasijutie kukuamini. Amina.