Swichi ya Mama Mkwe

Mama Sindano, fundi cherehani aliyefundisha ukataji wa nguo kwa mtandao akiwa chumbani kwake, yalikuwa yamemfika kooni. Kila akifungua darasa, kompyuta inamtupa kwenye ukurasa wa kamari, wanafunzi wakimsubiri weee. Wawili walishahamia kwa mwalimu mwingine. Waliobaki walimwambia bila kumung'unya maneno: alasiri hii darasa lisipofunguka, nao wanaaga.

Akampigia fundi wa intaneti.

"Dada, ugonjwa hauko kwenye kompyuta, uko kwenye ruta, hicho kisanduku cha intaneti ukutani. Wezi wameingia humo, ndio wanaokupeleka wanakotaka. Programu yake imechakaa, haijasasishwa tangu niwafungie."

"Si ulisema inajisasisha yenyewe?"

"Usiku, mkiwa mmelala. Kwani mnaizima?"

Mama Sindano akamtazama mama mkwe wake, aliyekuwa mkekani akichambua mchele. Kila jioni kabla ya kulala, bibi huyo hupita nyumba nzima akizima swichi: redio, pasi, ruta. Kumbe siku zote alikuwa anamlaza mlinzi kabla ya zamu!

"Kosa langu nini, mwanangu? Hata punda hupumzishwa."

Fundi akamwelekeza simuni: airudishe ruta ilivyotoka kiwandani, abadili nywila iliyokuja nayo, kisha asasishe. "Ila ikishaanza, msiizime. Ikikatikia katikati, hiyo ni ya kutupa."

Akafuata hatua moja baada ya nyingine, jasho likimtoka. Taa ya ruta ikawa nyekundu, ikaanza kupepesa. Alipoinamia simu kuwabembeleza wanafunzi wasubiri, akasikia ndala zikiburuzika nyuma yake.

"Linaungua hili!" Mama mkwe alishafika ukutani, kidole juu ya swichi.

"Usiguse! Toa mkono!"

Sauti ilimtoka kama anafukuza kuku jikoni. Tangu aolewe hakuwahi kumpandishia mama huyo sauti. Mkono ukashuka polepole.

"Haya. Mkiungua msiniite." Akajiendea zake uani.

Taa ikageuka kijani. Darasa likafunguka, nyuso zikachomoza mojamoja. Mama Sindano akashika mkasi, lakini kitambaa hakikukatika; moyo wake ulikuwa uani kwa mama mkwe. "Jamani, nakuja," akawaambia, akatoka mbio.

"Mama, nisamehe."

"Limefunguka hilo darasa lako?"

"Limefunguka."

"Basi nenda kafundishe. Kununa nitanuna peke yangu, sihitaji msaidizi."