Viti vya Kuazima

Siku hizi katika ofisi ya walimu, hapa Nyasubi, wenzangu wakianza kuilaumu serikali kwa kukopa nje, mimi huendelea kusahihisha madaftari. Wana hoja, maana madeni yale tunayalipa sisi kwa kodi zetu. Lakini mimi nimesomeshwa na mkopo mmojawapo, na nawashukuru waliokopa na waliokopesha. Nusura tuukose kwa ukarimu wa mama.

Nilikuwa darasa la saba kijijini kwetu, upande wa Masumbwe. Baba alikuwa ameenda kwenye machimbo ya dhahabu, hakurudi wala kutuma salamu. Tukasikia kuna fedha zilizokopwa benki za nje, zitagawiwa kaya maskini zenye watoto wa shule, na maofisa watapita nyumba kwa nyumba kuandika. Mama aliposikia wageni wanakuja, hakusikia tena kingine. Akakandika ukuta upya, akaazima viti vinne kwa jirani yetu mjane, aliyemwita mayu, yaani mama kwa lugha ya kwetu, na vikombe kanisani. Kuku wetu wa pekee akaishia kwenye sufuria. Maofisa wakala, wakashukuru, wakaandika kwamba nyumba ile haina shida.

Kwenye mkutano wa kijiji majina yakasomwa, letu halimo. Mwenyekiti akauliza kama kuna mwenye neno. Nilimtazama mama, naye akatazama chini. Bila fedha zile sekondari ningeisikia kwa wenzangu tu, na bado aliona haya kutangaza umaskini wake mbele za watu. Nilimkasirikia mno.

Ndipo yule jirani akasimama.

"Viti mlivyokalia ni vyangu," aliwaambia maofisa. "Vikombe ni vya kanisa. Cha huyu mama mle ndani ni watoto tu, maana kuku mmeshamla."

Mkutano mzima ukaangua kicheko, maofisa nao wakacheka, na jina letu likaongezwa. Mama hakumsemesha jirani mwezi mzima. Mimi nilianza kidato cha kwanza nimevaa viatu vipya.

Nilipopata mshahara wangu wa kwanza nilimnunulia mama viti vinne. Alivipangusa vumbi, akavizunguka mara mbili, kisha akanitaka nimsaidie kuvibeba hadi kwa jirani. Tukaviweka sebuleni kwake.

"Vikae kwako, mayu," mama alimwambia. "Nikipata wageni nitakuja kuazima."