Siku Florrie Alipofua

Mtaani kwetu Northam, hapa Southampton, baharia akisafiri hakuna mwanamke anayefua siku hiyo, hata wa nyumba ya mwisho. Ukifua, bahari inamchukua. Kwa hiyo nilipomwona jirani yangu Florrie Pragnell anaburuta karai hadi barabarani, asubuhi ile ile Reuben Hibberd anasafiri, nilijua leo patachimbika. Na nilifurahi, siwafichi.

Reuben alikuwa aende na Titanic, kuchochea makaa. Akanogewa baa, meli ikampita. Nafasi yake ikachukuliwa na Wilf, mume wa Florrie, aliyekuwa pale bandarini akitafuta kibarua. Meli ikazama na Wilf wetu. Mtaa ukajaa wajane, na Reuben kila jioni yuko baa anasimulia jinsi bia ilivyomwokoa. Anacheka, mshenzi yule!

Lottie, mke wa Reuben, akatoka mbio.

"Shoga, unafanya nini? Si unajua baba watoto anasafiri leo?"

"Najua. Ndiyo maana nafua."

"Akikosa meli hii tutakula nini?"

"Wanangu wanakula nini, Lottie?"

Mimi nikatoka na birika la maji ya moto, nikammiminia Florrie karaini. Lottie alinitazama kwa chuki. Shauri yake.

Reuben akatokea, mfuko begani. Alipoona povu akasimama wima.

"We mwanamke, una wazimu? Unataka nife?"

"Sijaloweka kitu bado," Florrie akasema, shati mkononi. "Tusimulie ile hadithi yako ya baa. Wanangu hawa hapa, hawajaisikia. Akicheka hata mmoja, namwaga maji yote, uende salama."

Watu walishajaa milangoni. Reuben akawageukia watoto.

"Basi... nilikuwa nakunywa zangu. Nikasema, ah, meli itanisubiri." Akajaribu kutabasamu. "Kumbe haisubiri! Halafu kuna mjinga mmoja akarukia nafa—"

Akajiziba mdomo. Alishachelewa.

"Mama," Mabel, binti mdogo wa Florrie, akauliza, "mjinga gani?"

Florrie alilitumbukiza shati, akafua, akasuuza, akakamua. Hakuna aliyemzuia, hata Lottie. Reuben akatua mfuko, akaketi kizingitini kwake akilia, na honi ya meli ikasikika kutoka bandarini. Sikumwonea huruma. Mpaka leo simwonei.