Jina la Babu Lililokataliwa Kanisani

Jamani, leo ubatizo wa mwanangu nusura uvunjike, hapahapa Scarborough, Kanada.

Ukweni kwangu mtoto wa kwanza wa kiume anachukua jina la babu. Hilo halina mjadala.

Babu anaitwa Dunstan. Yuko Masasi, anatufuatilia kwenye simu niliyoishika.

Padri wetu, Mkanada, akatabasamu. "Dunstan? Hilo ni jina la askofu wa Uingereza wa miaka elfu iliyopita. Kwani kwenu hamna majina?"

Mume wangu kakunja uso. Mtoto yuko juu ya maji! Ungekuwa wewe ungefanyaje?

Mzee Kiingereza anakisikia vizuri tu. Akajibu kwa Kiswahili, mimi natafsiri:

"Mwambie padri, mimi nilipelekwa kubatizwa naitwa Chilumba. Padri Mwingereza akasema hilo la kipagani, akanipa la askofu wao. Leo ndiyo mnaniuliza?"

Padri akawa mwekundu. "Basi nimbatize kwa lipi, Mzee?"

"Lile mlilolikataa."

Mwanangu ni Chilumba.

Mume wangu ana miaka arobaini. Jina hilo la baba yake kalisikia leo kwa mara ya kwanza.