Mshenga Aliyenitafsiria Televisheni

Kwa nini mtu apotoshe hata maneno ya watu wasiomhusu, watu wa kwenye kioo tu? Swali hilo nimelibeba tangu miaka ile ya elfu mbili, na leo, mvi zikiwa zimeshanianza, bado najiuliza.

Tulipanga nyumba moja ughaibuni, mtaa wa Sparkbrook, mimi Mtanzania niliyekuwa nimetoka kuhitimu chuo kikuu, na mwenzangu, msichana wa Bukavu. Kila Jumamosi mchana mchumba wangu, Mkongo mwenzake aliyesali naye kanisa moja, alikuja kutazama nasi shindano la mapenzi la Ufaransa, tulilolinasa kwa dishi lililofungwa juu ya dirisha la jikoni. Vijana walifungiwa katika jumba moja. Asiye na mwenza alitolewa kwa kura. Basi kila mmoja alijishikiza kwa mwingine, kisha akaingia chumba kidogo kuungama hila zake mbele ya kamera. Sikujua Kifaransa. Mwenzangu alinitafsiria, nami nilimwamini kama nilivyomwamini katika jambo kubwa zaidi, kwani ndiye aliyekuwa mshenga wetu. Kwa desturi kazi hiyo ni ya mwanamume mtu mzima, lakini ugenini tulimchukua aliyekuwepo. Ndiye aliyepeleka barua ya posa kwa mjomba wangu aliyeishi mtaa wa Stechford, ikiwa imefungwa katika leso nyeupe. Jibu lilitazamiwa Jumapili, baada ya ibada.

Ambacho hawakukijua ni kwamba kwa miezi kadhaa, kila Jumanne, nilikuwa nikijifunza Kifaransa kwa siri, ili nimwamkie mama mkwe kwenye simu bila mkalimani.

Jumamosi ile msichana mmoja wa shindano alisema, polepole kiasi cha mimi kumfuata, kwamba angemshikilia kijana wake mpaka kura zipite, kisha amwache. Mchumba wangu akacheka. Bila kuondoa macho kwenye kioo, akamwambia mshenga wetu kwa Kifaransa:

"Harusi ipite kwanza. Mama apate mkwe wake mwenye digrii. Mimi hutanikosa, unajua."

"Kila wiki unasema hivyo," akajibu mwenzangu kwa lugha hiyohiyo, huku akinisogezea sahani ya maandazi.

Nilichukua andazi. Nilijaribu kujishawishi kwamba Kifaransa changu bado kilikuwa kichanga. Nikamuuliza mwenzangu yule msichana wa shindano amesema nini.

"Anasema anamupenda sana, dada. Huyu hana roho mubaya."

Nakiri kwamba uongo huo mdogo uliniuma kuliko ule mkubwa.

Jumapili asubuhi nilipanda basi hadi Stechford, nikamkuta mjomba hajavaa hata koti la kanisani. Nilipomwomba barua alikwenda kuitoa kabatini bila kuuliza. Niliporudi, mwenzangu alikuwa jikoni akipiga pasi kitenge chake cha ibada. Nilimkabidhi leso, barua ikiwa ndani, nikamwambia kwa Kifaransa changu cha darasani, neno kwa neno, kwamba jibu ni hapana.