Siku Tatu za Baba Bomani

Baba alikuwa mjumbe wa mtemi wetu. Kabla Wadachi hawajajenga boma alitumwa kwa Wahehe na kwa Wamasai kutafuta amani, na alirudi nayo. Aliniambia kuwa sehemu kubwa ya kazi yake ni kukaa. Siku ya kwanza mjumbe husalimu tu. Huulizwa habari za mvua, za ng'ombe na za wazee, akala, akalala. Shida yake huitaja kesho yake, wenyeji wakishamzoea.

Mwaka mmoja, mvua za kwanza ziliponyesha, askari walimchukua kaka yangu na vijana wengine watano wakabebe mizigo ya safari ndefu. Walikaa bomani wakingoja msafara uondoke siku ya tatu. Mtemi akamtuma baba kuwaombea warudi kulima. Mama na mimi tulifuatana naye, tumembebea kaka unga na kibuyu cha maziwa ya mgando.

Mdachi mkuu wa boma alimuuliza baba, kupitia mkalimani, anataka nini. Baba akajibu kuwa amekuja kusalimu. Mdachi akaandika kitabuni, akashukuru, akamruhusu aende. Baba alitoka amefurahi.

Kesho yake askari wa mlangoni alimzuia. Alisema imeshaandikwa kwamba mtemi anasalimu na hana shida.

Mama akamwambia, "Wamasai wote wale umewaweza, mume wangu, leo unashindwa na mlango?"

Baba alicheka, lakini chakula hakukigusa.

Siku ya tatu mizigo ilikuwa imeshafungwa. Baba alimsubiri Mdachi uani, akaitaja shida yake hata kabla ya salamu. Alitazama chini kwa aibu, kama mtu aliyevuliwa nguo. Mdachi aliuliza kwa nini hakusema juzi.

"Juzi, bwana mkubwa, tulikuwa hatujafahamiana."

Mkalimani alipotafsiri, Mdachi alitabasamu. Akasema mizigo haiwezi kubaki, lakini baba achague vijana watatu wa kurudi nao.

Nilimwona mama akishika kibuyu kwa nguvu. Baba aliwataja watatu ambao kwao hakukuwa na mwanamume mwingine wa kushika jembe. Kaka hakutajwa. Alimtazama baba, akaitikia kwa kichwa, akainama kujitwika mzigo.

 Njiani baba alimpokea mama kile kibuyu kitupu, akakibeba mwenyewe hadi nyumbani, mbele ya watu wote.