Goma Kuna Google Wengi, Wangu ni Yupi?

Admin, nakuomba unifichie jina, hata mtaa usiutaje, watu wa Gisenyi tunajuana. Mimi ni mama wa miaka ishirini na miwili, nina mtoto mmoja wa kiume wa miezi tisa. Shule niliishia darasa la sita, mkiona nimekosea kuandika mnivumilie. Mtoto wangu ana meno mawili, anasimama kwa kushika kiti. Lakini hana jina. Hospitalini niliwaandikia la kanisa tu ili karatasi zitoke. Lile la nyumbani, ambalo kwetu baba ndiye hulitoa watoto wa jirani wakishakula na kumpendekezea majina, bado hajapewa.

Baba yake alikuwa motari, mbeba abiria kwa pikipiki, hapa mjini. Kila mtu alimwita Google. Si kwa sababu ya kusoma, hakusoma kunizidi. Ni kwamba ukimtajia nyumba yoyote ya Rugerero au Cyanzarwe, hata ya ndani kabisa kwenye mashamba ya viazi, aliijua, na mbwa wa pale alimjua. Wenzake walikuwa wakiwatania abiria: "Mama, usimalize megabaiti zako, huyu hapa Google wa bure!" Akacheka, akaliandika jina hilo nyuma ya moto yake, ile pikipiki, kwa rangi nyekundu. Hata mimi nilimwita hivyo hivyo ndani ya nyumba.

Nikiwa na mimba ya miezi saba alivuka mpaka kwa miguu kwenda Goma, upande wa Kongo, kutafuta kipuri cha moto. Aliniambia, "Chemsha maharage, narudi kula." Siku hiyo hiyo vita ikaingia kule, mpaka ukafungwa. Simu yake iliita mara mbili, kisha haikuita tena.

Mpaka ulifunguliwa, nikajifungua, mtoto akafika miezi minne, nikamfunga mgongoni nikapita mpakani pale Grande Barrière kwenda kumtafuta. Hapo ndipo nilipoijua shida ya lile jina. Jina la kwenye kitambulisho chake hakuna aliyelijua. "Google gani, mama?" motari wa Goma waliniuliza. "Iko Google kinyozi, iko Google wa kutengeneza simu, iko Google ule mufupi mwenye kuimba kanisani. Hata hii duka inaitwa Google!" Walicheka, si kwa ubaya. Niliinua macho nikaliona hilo duka kweli, nikaingia kama mjinga kuwauliza kama wamemuona mume wangu.

Mama mmoja muuza nyanya akanionea huruma. Alinishika mkono, akanipeleka makaburini, walipozikwa watu wa siku zile. Misalaba mingi ya mbao haina kitu. Mmoja una neno moja tu, kwa rangi ya bluu: Google.

Nikamuuliza mchimba makaburi ni nani yule. "Motari. Wenzake walimuleta mbiombio, jina ingine hawakujua."

"Alivaa nini, papa?"

"Mama, siku ile hakuna mutu aliangalia nguo."

Nilikaa chini, nikamnyonyesha mtoto pale pale. Nikauambia ule msalaba, "Kama ni wewe, mwanao huyu hapa. Kama si wewe, unisamehe." Niliporudi nyumbani mama mkwe akaniuliza, nikamjibu, "Sikupata kitu, mama." Huo ndio uongo ninaoishi nao. Hata mchungaji sijamwambia.

Tangu hapo jina hilo haliniachi. Jirani akimwambia binti yake wa sekondari "tafuta kwa Google", mimi nageuka. Sokoni kumeingia kitenge cha vidoti vya rangi nyingi, wauzaji wamekipa jina hilo hilo, wananiitia, "Mama Google, kuja uvae bwana yako!" Nacheka nao, kisha naenda kulia nyuma ya choo cha soko. Juzi ilipita moto yenye maandishi yale mekundu nyuma, nikaikimbilia na mtoto mgongoni mpaka ikasimama. Dereva akavua kofia. Simjui. Na moto ya mume wangu iko nyumbani jamani, mimi ndiye ninayeifuta vumbi, lakini miguu ilikimbia yenyewe.

Wakati mwingine natumaini pia. Namba nisiyoijua ikipiga, naacha hata uji uungue.

Sasa shemeji yangu, mdogo wake, amechoka. Wiki iliyopita alisema mbele yetu sote: "Mtoto hawezi kufikisha mwaka anaitwa Bebe. Bon, Jumapili tupike, tuite watoto, mimi nitampa jina." Mama mkwe akasimama. "Wewe ukimupa jina, umesema kaka yako amekufa. Uliona maiti?" Mama akanigeukia, akanishika mikono yote miwili. "Binti yangu, wewe ndiye ulienda kumutafuta. Jumapili utasema wewe. Ukisema iko hai, tunamungoja. Ukisema hapana, nitakubali, tuanze kulia."

Mama huyu ananipenda. Kila asubuhi humwambia mtoto baba yake yuko njiani, na mtoto anacheka. Nikisema yuko hai, mwanangu ataendelea kuwa Bebe, na mimi nitaendelea kumdanganya mzee wa watu. Nikisema hayupo, na kumbe chini ya ule msalaba amelala mume wa mwanamke mwingine, nitakuwa nimemzika baba wa mwanangu akiwa hai. Na nikimwambia kuhusu msalaba atataka nimpeleke, halafu ataniuliza kwa nini nimekaa nao moyoni miezi mitano yote hii.

Leo ni Alhamisi. Akina mama mnaonisoma, na ninyi mliowahi kupotelewa na mtu, nishaurini kwa upole. Jumapili watoto wakishanawa mikono, wakakaa kimya, na mama mkwe akaniangalia, nifungue mdomo niseme nini?